Kamati ya Mjusi

Nchi yetu ina jina, tena zuri, ila kwa sasa liko kamatini. Lilipelekwa huko miaka sita iliyopita likapunguzwe herufi moja, na mpaka litakaporudi wananchi tumeombwa tuseme tu "hapa kwetu". Basi hapa kwetu, ndugu msomaji, mambo huenda kwa utaratibu. Nalisema hili mapema kwa sababu nasikia kuna watu wanacheka. Wacheke. Ni nchi ngapi zina fomati yao wenyewe ya taifa ya kuhifadhia sauti na picha, iliyojadiliwa kurasa mia tisa na kumi na mbili bila mjumbe hata mmoja kuumizwa? Kiti kilirushwa mara moja tu, na hakikumpata mtu.

Nayajua haya kwa kuwa mimi ndiye niliyekuwa karani wa kamati. Naitwa Hamduni Kingalu. Kila lililosemwa mle ndani nililiandika, na yasiyosemwa pia, maana kwetu hayo ndiyo mengi.

Shida ilianza siku Ghala la Sauti la Taifa lilipojaa. Usifikirie magunia. Ni chumba chenye baridi kali, kimejaa mashine zinazovuma kutwa kucha, na ndani yake kumehifadhiwa kila kitu kilichowahi kurushwa hewani tangu tupate redio. Kilichokuwa kimelijaza ni hotuba. Kila mwaka, Siku ya Kuamka, Mheshimiwa Kiongozi hulihutubia taifa kwa muda wa saa tatu kamili, na amefanya hivyo tangu mimi sijaota meno. Kwa kuwa hotuba ni tunu, kila moja huhifadhiwa nakala saba: moja ya ghala, moja ya Ikulu, moja ya kuangalia kama ile ya Ikulu ipo, moja ya kuiangalia hiyo inayoangalia, na tatu kwa heshima. Hotuba arobaini na moja, mara saba. Hata mimi ambaye hesabu zilinishinda darasa la tano naona hapo patajaa.

Kona moja tu ndiyo iliyokuwa haina hotuba. Humo zilikaa Salamu za Jioni.

Kama wewe ni wa rika langu hapa kwetu, huhitaji kuelezwa. Gari la redio lilikuwa likizunguka sokoni, stendi, hospitali, kwenye foleni ya mafuta ya taa, na mtu yeyote alipewa kipaza sauti amsalimu amtakaye. Mmoja anamsalimu mjomba na kumwarifu kwamba mbuzi kazaa. Mwingine anamsalimu mchumba, halafu anaona haya na kuusalimia mtaa mzima. Kipindi kilikwenda miaka thelathini na moja. Sasa amri ikaja kutoka juu, yenye muhuri wa duara na muhuri wa mraba: ifikapo Siku ya Kuamka, Salamu zote ziwe zimefutwa, ili hotuba ya arobaini na mbili na dada zake sita wapate mahali pa kukaa.

Amri hiyo ilimfikia Zamoyoni Machano, fundi mkuu wa ghala, mwanamke wa miaka arobaini na kitu, mwembamba, miwani yake imefungwa uzi upande mmoja. Aliisoma akiwa amesimama, kisha akaketi chini sakafuni.

Mle kwenye Salamu alikuwamo mama yake, Bi Hidaya, muuza maandazi wa stendi. Sekunde kumi na moja tu. Gari la redio lilimkuta wodini, akachukua kipaza sauti akasema: "Namsalimu mwanangu Zamoyoni, yuko bweni, kidato cha kwanza. Mwambieni asisahau kula. Mimi sijambo." Hakuwa hajambo hata kidogo. Alifariki siku ya tisa. Na jioni ile salamu iliporushwa, redio ya shule haikuwa na betri, kwa hiyo Zamoyoni aliisikia kwa mara ya kwanza akiwa mtu mzima, siku yake ya pili kazini, akiwa anapanga kanda. Tangu hapo aliisikiliza kila Ijumaa. Kuchukua nakala hakuweza. Kutoa sauti ghalani ni kosa moja na kutoa bunduki kambini, na mlangoni mnapekuliwa mpaka masikioni.

*

Kwa hiyo Zamoyoni aliandika barua. Alisema hakuna haja ya kufuta chochote. Nchi ikitunga fomati mpya, yaani namna mpya ya kubana sauti na picha, kila kitu kitaenea. Barua ilipanda ngazi, ikashuka, ikapanda tena, na baada ya wiki tatu tukapata Kamati ya Kitaifa ya Fomati, wajumbe arobaini na watatu, chini ya Mwenyekiti Balozi Mstaafu Daktari Ngwilizi Pazi. Balozi alikuwa mtu mpole, mwenye tumbo la heshima, na alikiri waziwazi kwamba kitu pekee alichowahi kubana maishani ni sanduku la safari.

Alimwomba Zamoyoni aeleze jambo lake kwa lugha ambayo hata balozi ataielewa.

"Tuseme unapiga picha ya ukuta kutwa nzima, Mwenyekiti," alisema Zamoyoni. "Ukuta ni uleule. Kwa nini uuhifadhi mara elfu? Unauhifadhi mara moja. Akipita mjusi, unamhifadhi mjusi. Siku ukitaka kuangalia, mashine inachukua ule ukuta wa mwanzo, inambandika mjusi wake, na wewe unaona kila kitu."

Kamati iliguna.

Hapa lazima nieleze, maana wageni hukwama. Kwetu kamati hazipigi kura. Zamani watu walikuwa wakinyoosha mikono, mpaka mjumbe mmoja aliyenyoosha mkono akaulizwa anataka nini, akashindwa kujibu, na hakuonekana tena mpaka mwaka uliofuata. Tangu hapo tunaguna. Mwenyekiti husema wanaokubali wagune, nanyi mnaguna, mdomo umefungwa, ili mtu asije akanukuliwa. Mezani kuna kipima mguno chenye sindano. Sindano ikivuka mstari mwekundu, jambo limepita. Ni utaratibu mzuri sana, na mtu mwenye mafua huheshimika mno.

Utaratibu wetu wa pili ni wa chai. Mahudhurio hatuyaandiki kwa saini, kwani saini hughushiwa. Tunaandika kwa sambusa. Aliyekula ndiye aliyehudhuria, na karani hujaza daftari kwa kutazama midomo. Sasa, Zamoyoni hakula. Katika vikao sabini na vinne hakutia hata punje ya sambusa kinywani, ingawa sahani ilimpita puani. Nilimnong'oneza mara nyingi, dada, uma kidogo tu, nikuandike. Alinijibu kwamba koo lake halipitishi kitu katika chumba ambamo watu wanajadili kumfuta mama yake. Nilimhurumia sana, lakini daftari ni daftari. Kwa hiyo kiserikali yule mwanamke hakuwahi kuwepo.

*

Kazi ikaanza, na mimi nasema ilikuwa kazi kwelikweli.

Iliundwa Kamati Ndogo ya Mjusi, kuchunguza ni mjusi gani. Mjumbe wa Utalii alisikitika kwamba katika wanyama wote wa nchi hii tumechagua anayekula mbu, akapendekeza twiga. Aliambiwa twiga hapiti ukutani. Mjumbe wa Magereza alitaka kujua kama mjusi huyo anafahamika kwa vyombo husika. Mjumbe wa Kilimo alikuja na faili la mkutano mwingine, akatusomea nusu saa juu ya mbegu za mahindi, na kwa kuwa hakuna aliyetaka kumwaibisha, tukaguna. Ndiyo maana fomati yetu, mpaka leo, inastahimili ukame.

Kisha akasimama Bwana Sadala wa Itifaki, mtu aliyevaa glavu nyeupe hata akila. Alitaka kila faili lianze na wimbo wa taifa. Zamoyoni alipiga hesabu akaonyesha kwamba salamu ya sekunde kumi na moja itabeba wimbo wa dakika nne mgongoni. Wakavutana siku tisa. Mwishowe wimbo wa taifa ukabanwa uwe wa sekunde mbili, na ukawa unasikika kama mlango wa kabati. Tulisimama wote kwa heshima kila ulipofunguka.

Kiti kilirushwa kwa ajili ya swali la nini kitangulie ndani ya faili, sauti au picha. Watu wa sauti walidai mtoto husikia kabla hajaona. Watu wa picha walisema wao si watoto. Kiti kilipita juu ya kichwa cha Balozi kikatua kwenye birika.

Kifungu kimoja lazima ukikumbuke, cha themanini na nane. Hicho alikileta mjumbe wa Utangazaji. Mara ya mwisho redio ya taifa kukaa kimya ilikuwa dakika nne tu, fundi alikwenda kujisaidia, na katika dakika hizo nne mitaa miwili ya mji mkuu ilishaunda serikali zake. Kwa hiyo kifungu kinasema: mashine ikikosa cha kurusha, isithubutu kunyamaza, irushe kitu kilicho jirani ghalani. Kiligunwa mpaka madirisha yakatikisika.

Balozi alitumwa nje akaone wenzetu wanafanyaje. Alirudi baada ya mwezi mmoja na ripoti ya mstari mmoja, kwamba huko nako wanabishana vilevile ila kiyoyozi chao kinafanya kazi.

Hatimaye fomati ikapita, rasimu ya kumi na tisa, zikiwa zimebaki siku nane kabla ya Siku ya Kuamka. Wazo la Zamoyoni la ukuta na mjusi liliwekwa ukurasa wa mia sita na kumi na moja, kwenye tanbihi, kwa herufi ndogo. Kila kitu kingine ndani ya kitabu kile kilikuwa dibaji.

*

Zamoyoni aliomba tuijaribu fomati kwa Salamu. Kamati ilichukia. Chombo cha taifa huanza na kitukufu. Tukaamua mashine ipewe hotuba zote arobaini na moja za Mheshimiwa, kwa mpangilio wa miaka.

Alituonya, haki yake nimpe. Alisema mashine haina adabu, inalinganisha tu jipya na la zamani, na kinachofanana haikihifadhi mara ya pili. Bwana Sadala akatabasamu nyuma ya glavu zake akasema hiyo ndiyo raha yenyewe, kwani hotuba za Mheshimiwa hazijawahi kufanana.

Palepale ghalani mashine ilivuma tangu asubuhi hadi saa ya chai. Tulipomaliza sambusa, taa ya kijani ikawaka. Hotuba arobaini na moja zilikuwa zimebanwa zikawa moja, ile ya mwaka wa kwanza. Kwenye miaka mingine arobaini, mashine ilikuta mijusi wachache sana, jumla dakika nne na sekunde tisa. Mwaka wa saba, miwani mipya. Mwaka wa kumi na mbili, kikohozi. Mwaka wa kumi na tisa, nzi, aliyetua kwenye paji la uso wa Mheshimiwa na ambaye, kwa mujibu wa kumbukumbu, alishughulikiwa. Mwaka wa ishirini na sita, barabara ya kaskazini, iliyokuwa ijengwe mwakani, ikawa ijengwe karibuni. Basi.

Balozi alimgeukia Zamoyoni.

"Binti yangu, hii mashine yako inasema nini?"

"Inasema ukuta ni uleule, Mwenyekiti."

Mjumbe wa Magereza alisogeza kiti chake mbali naye. Wengine walianza kutafuta kosa liko wapi, kwa sababu lazima liwe mahali. Fomati haikuweza kukosea, tulikwisha kuigunia. Mheshimiwa hawezi kukosea, Katiba inasema hivyo ibara ya kwanza na tena ibara ya mwisho, kwa wanaosoma kinyumenyume. Ikabaki wazo kwamba tuizike fomati, tuzifute Salamu kama tulivyoamriwa, na fundi akabidhiwe kwa wanaojua kukabidhiwa watu. Zamoyoni alikuwa akiitazama ile kona ya Salamu, na vidole vyake vinasokota ule uzi wa miwani.

Mimi hapo nilikuwa na shida yangu ya kikarani. Fomu ya majaribio ilikuwa na safu moja tupu yenye kichwa "Sifa", na sikujua niijaze nini. Nikauliza, kwa nia njema kabisa, je, niandike kwamba Mheshimiwa amepimwa na kukutwa na msimamo wa asilimia tisini na tisa nukta tisa nne?

Balozi alinikumbatia mbele ya watu. Nilinuka manukato yake mpaka Jumapili.

*

Mheshimiwa alipelekewa matokeo kwenye mto wa mahameli. Alifurahi, kisha akakunja uso akauliza zile nukta zilizopungua ni za nani. Akaambiwa ni za nzi. Papo hapo akaapa kwamba mwaka huu atafikisha mia. Atasema kila neno kama mwaka ule wa kwanza, apumue palepale alipopumulia, wala hatakohoa. Akaamuru fomati ipitishwe kuwa sheria, na kwamba hakuna sauti yake itakayomfikia mwananchi, redioni au uwanjani, bila kupitia humo. Zile hotuba nyingine na nakala zake zote zifutwe. Za nini, ikiwa zote zimo ndani ya ile ya kwanza?

Ghala likawa wazi ghafla, unapiga chafya unasikia mwangwi. Zamoyoni alizipitisha Salamu kwenye mashine, zile elfu na elfu, akangoja. Mashine haikuweza kubana hata moja. Aliniita nikatazame. Aliniambia mashine imetafuta ukuta ikaukosa, maana kila mtu anasema sijambo kwa namna yake. Ziliingia ghalani nzima nzima kama zilivyo, na nafasi ikabaki. Hapo Zamoyoni alilia, na mimi nikajifanya natafuta kalamu.

Laiti mambo yangeishia hapo. Lakini siku mbili kabla ya sherehe, Bwana Sadala wa Itifaki alishtuka. Hotuba ya kwanza, sasa ikiitwa Hotuba Mama, ilikuwa imelala chumba kimoja na wauza maandazi. Haikubaliki. Akaja na gwaride dogo na tarumbeta mbili, akaichomoa Hotuba Mama kutoka kwenye mashine, akaiweka kwenye kasha la chuma, akaipeleka Ikulu na kuifungia.

Zamoyoni aliandika onyo kwa mkono wake. Nalikumbuka, lilikuwa fupi. Mheshimiwa akirudia hotuba bila kubadilisha neno, mashine, ambayo bado inazikumbuka alama zake, haitakuta mjusi. Itakwenda kuchukua ukuta, yaani Hotuba Mama, nayo haipo. Hapo itafuata kifungu cha themanini na nane. Na jirani wa Hotuba Mama ghalani ni Salamu.

Nililisoma mara mbili. Nilimpelekea Balozi. Akafungua daftari la chai, akapitisha kidole, akasema kwa huzuni kwamba kamati haiwezi kupokea onyo la mtu ambaye hajawahi kuhudhuria. Nikakimbia kumtafutia Zamoyoni sambusa, hata ya jana, aume tu mbele yangu. Magereza alikuwa amezimaliza.

*

Siku ya Kuamka uwanja ulifurika, kwa sababu malori yalipita majumbani. Mheshimiwa aliingia kwenye kibanda chake cha vioo visivyopenya risasi, ambamo husikii kitu isipokuwa sauti yako mwenyewe. Mimi nilikaa nyuma ya Balozi. Chini ya jukwaa, penye mashine iliyoletwa uwanjani na kuunganishwa na ghala kwa waya, nilimwona Zamoyoni amesimama, mkono wake uko juu ya swichi. Akiizima, redio ya nchi nzima itanyamaza, na yeye atakuwa mtu aliyeinyamazisha. Akiiacha, unajua mwenyewe.

Mheshimiwa alifungua kinywa. Kwenye vipaza sauti kabati likafunguka na kufungwa, tukasimama, tukakaa. Kisha ikatoka sauti ya mzee mmoja yenye pua: "Namsalimu mjomba Chande wa Kwa Mkocho. Mwambieni mbuzi kazaa. Wawili."

Watu walidhani ni mzaha, kicheko kikapita chini chini. Mheshimiwa akainua ngumi, na sauti ya msichana ikamsalimu fundi cherehani wa sokoni, ikamwambia gauni limembana lakini atalivaa hivyo hivyo. Mheshimiwa akapiga meza, na dereva mmoja akawasalimu wanawe sita kwa majina, akamsahau wa nne, akarudia kuhesabu. Kicheko kikakoma. Pale mbele mama mmoja alikuwa amesimama, amejishika mdomo. Yule dereva alikuwa baba yake.

Baada ya hapo sikuweza kuandika. Kila dakika mtu fulani mahali fulani uwanjani alisimama. Mpiga tarumbeta wa jeshi aliachia tarumbeta. Watu wa Usalama walikuwepo mia mbili, wamevaa miwani myeusi, na mmoja wao bibi yake alimwita kwa jina la utotoni mbele ya taifa zima, akaivua miwani akaifutafuta machozi. Na mara ikaja sauti nzito ya kijana: "Namsalimu mdogo wangu Ngwilizi Pazi. Ile baiskeli mwambieni nimempa. Asinirudishie." Balozi Mstaafu Daktari alinishika mkono akaniumiza. Kaka yake alizama mtoni miaka thelathini na nne iliyopita. Alirudia neno baiskeli mara tatu, taratibu.

Saa ya pili ilipokaribia kwisha, Mheshimiwa akiwa amenyoosha kidole mbinguni pale penye kipande cha barabara ya kaskazini, vipaza sauti vikasema: "Namsalimu mwanangu Zamoyoni, yuko bweni, kidato cha kwanza. Mwambieni asisahau kula. Mimi sijambo."

Nilitazama chini ya jukwaa. Zamoyoni alikuwa ameuondoa mkono kwenye swichi. Alikuwa ameuweka kifuani.

Kwa kawaida, ndugu msomaji, saa ya kwanza ya hotuba haijaisha watu wameshapenya ukuta wa nyuma. Siku hiyo hakutoka hata mmoja. Mheshimiwa alipofunga kinywa, walipiga makofi mpaka bango lake kubwa likadondoka upande mmoja. Ndani ya vioo vyake aliwaona wamesimama, wanalia, wanakumbatiana. Wasaidizi wake wanasema aliketi akanywa maji, akasema miaka yote hii amekuwa akijiuliza kama watu wanamwelewa, na kwamba mwakani ole wake atakayemwongezea hata nukta.

*

Hata hivyo utaratibu ni utaratibu. Hitilafu ikitokea, kamati lazima ikae. Tulikaa Jumatatu asubuhi, wote arobaini na watatu, na Zamoyoni pembeni mahali pake, amebeba mfuko mdogo wenye kanga na mswaki, maana alijua akitoka pale huenda asipitie nyumbani.

Bwana Sadala aliisoma hoja. Hotuba Mama irudishwe ghalani. Salamu za Jioni, zikiwa ndizo chanzo cha hitilafu, zifutwe leo leo, zote. Fundi akabidhiwe. Alisoma bila kuinua macho, na glavu zake, niliona, zilikuwa na madoa ya maji.

Balozi alikivuta kipima mguno karibu yake.

"Wanaokubali," alisema, "wagune."

Nimekuwa karani miaka kumi na saba. Nimeona kamati ikigunia bajeti bila kuiona, ikigunia ukame, ikigunia mbegu za mahindi. Mjumbe wa Magereza huguna hata akiwa amesinzia, ni pumzi yake tu ilivyo. Siku ile alikuwa ameishikilia hiyo pumzi, mashavu yamemvimba, macho yamemtoka. Sindano ililala. Tulisikia mashine za ghala zikivuma ukuta wa pili. Balozi aliitazama ile sindano kwa muda mrefu kuliko kanuni inavyoruhusu, kisha akasema hoja haikugunwa, na akafunga kitabu.

Magereza akaachia pumzi. Ilikuwa imechelewa, haikuhesabiwa.

Ndipo chai ikaletwa. Sahani ikazunguka kama siku zote, ikampita Utalii, ikampita Kilimo, ikamfikia Zamoyoni. Aliitazama. Akaweka mfuko wake chini. Akachukua sambusa moja, akaila yote, bila haraka, makombo yakimdondokea kwenye kanga aliyojifunga, kisha akachukua ya pili, na Bwana Sadala akavua glavu akamsogezea ndimu.

Nilifungua daftari. Niliandika: Zamoyoni Machano, amehudhuria.